Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki: bunduki zilikuwepo, mafundi hawakuwepo

Februari 1943 Waingereza waliunda makao makuu ya divisheni mpya katika Afrika Mashariki. Wakaipa namba 11, nembo ya kichwa cha faru ya kushona begani, na kamanda wake akawa Meja Jenerali Charles Fowkes, aliyeongoza shambulio la mwisho dhidi ya Waitaliano kule Gondar, Ethiopia, Novemba 1941. Kwenye karatasi ilikuwa divisheni kamili. Lakini brigedi yake moja ilikuwa imeshatangulia Ceylon, kisiwa ambacho leo ni Sri Lanka, tangu 1942, na kikosi chake kimoja cha mizinga hakingeanza safari ya kuifuata hadi mwaka mzima baadaye. Ilibidi iunganishwe huku vita vikiendelea, na sehemu yake ikiwa ng'ambo ya bahari.

Agosti 1944 divisheni hiyo hiyo ilikuwa Tamu, mpakani mwa India na Burma, Myanmar ya leo, mvua za monsuni zikimwagika, ikipokea zamu ya kuwafukuza Wajapani kuteremka bonde la Kabaw. Tarehe 2 Desemba ikaingia Kalewa, kwenye ukingo wa mto Chindwin.

Habari za wazee wetu waliokwenda Burma husimuliwa sana kwa upande wa ushujaa, na wanastahili. Mimi nataka kuichambua divisheni yenyewe: ilijengwa na nini, kwa mpangilio gani, na ilikwama wapi. Nikiipitia historia yake naona jambo moja likijirudia kila hatua. Watu wa kushika bunduki walikuwepo tangu 1940. Kilichokosekana ni mafundi: wapiga mizinga, watu wa simu na redio, wahandisi, madereva, wauguzi, makarani. Serikali za kikoloni zilikuwa zimekaa miaka arobaini bila kuwasomesha watu hao, na sasa ziliwahitaji kwa maelfu, haraka, na katika lugha moja.

Vipande vyenyewe

Mwaka 1939 King's African Rifles, ambayo askari na raia waliiita Keya, ilikuwa jeshi dogo la kulinda mipaka na kutuliza ghasia. Waafrika wake hawakufika 3,000. Kufikia Machi 1940 walikuwa zaidi ya 20,000. Kwa vita vyote, Kenya ilitoa watu wapatao 98,000, Tanganyika 87,000 na Uganda 77,000, ukijumlisha askari wa miguu pamoja na wale wa kazi za nyuma ya mstari wa mbele.

Batalioni zilizidishwa kwa mtindo ambao hadi leo huwachanganya wanaosoma orodha za vikosi. Batalioni ya 6 ilikuwa ya Tanganyika. Vita vilipokua ikazaa ya pili, ya tatu na ya nne, zikaitwa 26, 36 na 46. Uganda ilikuwa na ya 4, nayo ikazaa ya 34 na ya 44. Ya 2 ya Nyasaland, Malawi ya leo, ikazaa ya 22. Kwa hiyo ukisikia babu alikuwa Keya 44, usitafute batalioni nyingine 43 zilizotangulia. Namba hiyo inasema ni batalioni ya nne katika ukoo wa Batalioni ya 4. Ya 11 ya Kenya haifuati mtindo huu, na ndiyo inayowapoteza wengi.

Batalioni moja ya Keya ilipangiwa maafisa 36, Wazungu wengine 44 wa vyeo vya chini na Waafrika 1,050. Batalioni tatu zilifanya brigedi, na brigedi tatu zilifanya uti wa mgongo wa divisheni.

Brigedi ya 21 ilikuwa na Batalioni ya 2 ya Nyasaland, ya 4 ya Uganda, na ya 1 ya Northern Rhodesia Regiment kutoka nchi ambayo leo ni Zambia. Brigedi ya 25 ilikuwa na ya 11 ya Kenya, ya 26 ya Tanganyika na ya 34 ya Uganda. Brigedi ya 26 ilikuwa na ya 22 ya Nyasaland, ya 36 ya Tanganyika na ya 44 ya Uganda. Tazama mpangilio huo kwa makini. Hakuna brigedi hata moja ya nchi moja. Kila moja imechanganya nchi tatu, na kila nchi imetawanywa. Uganda ilikuwa na batalioni katika brigedi zote tatu, lakini haikuwa na brigedi yake.

Mpangilio huo ulikuwa na faida ya kivita. Brigedi moja ikipata pigo kubwa, msiba hauangukii nchi moja wala wilaya chache. Ulikuwa na faida ya kisiasa pia kwa mtawala, kwa sababu hakuna nchi iliyokuwa na kundi kubwa la askari wake mahali pamoja, chini ya kamanda mmoja. Naamini faida zote mbili zilipimwa. Matokeo ambayo naona hayakupimwa ni kwamba kijana wa Songea na kijana wa Gulu walilala handaki kwa handaki kwa miaka miwili, wakala chakula kimoja, wakasoma gazeti moja.

Hata jina la nchi kwenye batalioni halikumfunga mtu. Waruhiu Itote, Mkikuyu kutoka Nyeri ambaye baadaye Kenya nzima ilimjua kwa jina la Jenerali China, alipigana Burma akiwa katika Batalioni ya 36 ya Tanganyika. Jina liliifuata nchi iliyoianzisha batalioni. Nafasi zilizobaki wazi zilijazwa na yeyote aliyekuwepo.

Brigedi hizi zilifika kwenye divisheni kila moja ikiwa na historia yake. Ya 21 ilipelekwa Ceylon mwanzoni mwa 1942 kwa dharura. Singapore ilikuwa imeanguka tarehe 15 Februari, na Waingereza waliogopa kwamba kisiwa hicho ndicho kinachofuata. Hofu hiyo ilikuwa na msingi, maana ndege za Japani zilipiga Colombo tarehe 5 Aprili na Trincomalee siku nne baadaye. Brigedi za 25 na 26 zilikuwa zimepigana Ethiopia hadi Gondar. Halafu mwanzoni mwa 1942, huko Massawa, Eritrea, askari wa Brigedi ya 25 waligoma. Walikuwa wametoka kwenye kampeni ndefu, walitaka likizo ya kwenda nyumbani, na badala yake waliona dalili za kupelekwa mbali zaidi. Waandishi wa habari za vita hulipitia tukio hili haraka, lakini mimi naliona la msingi katika kuielewa divisheni hii. Askari wale walikuwa wameshajua thamani yao na wameshajaribu kuidai. Walipopandishwa meli kwenda Ceylon mwaka uliofuata, walikwenda na kumbukumbu hiyo.

Sehemu isiyo ya miguu

Ukichukua brigedi tatu ukaziweka pamoja, bado huna divisheni. Una askari wa miguu wapatao 10,000 wanaoweza kushambulia kilima leo na kukosa risasi kesho. Divisheni ni kikosi kinachoweza kujitegemea vitani kwa wiki na miezi. Kina mizinga yake, wahandisi wake wa kujenga madaraja na kutegua mabomu, mtandao wake wa mawasiliano, hospitali zake za uwanjani, malori na bohari zake, polisi wake wa kijeshi, na mafundi wa kutengeneza kila kinachoharibika. Divisheni ya kawaida ya miguu ya Uingereza wakati huo ilikuwa na mizinga 72 ya uwanjani, na zaidi ya nusu ya watu wake hawakuwa kwenye batalioni za miguu.

Hapo ndipo tatizo lilipojitokeza. Kwa miongo mingi Keya ilikuwa imeandikisha watu kwa imani kwamba kuna makabila ya vita na makabila mengine. Wakamba, Wanandi, Waacholi, Wahehe, Wayao na wengine wachache walisakwa na maafisa wa kuandikisha, na mara nyingi kutosoma kulihesabiwa kuwa sifa, kwa hoja kwamba asiyesoma hutii. Imani hiyo ilitosha kwa jeshi la kukimbiza wezi wa mifugo mpakani. Haikutosha kwa mpiga mzinga anayepaswa kusoma ramani, kupima pembe na kurekebisha shabaha kwa simu, wala kwa mtu wa redio anayeandika ujumbe gizani, mvua ikinyesha, na kosa la tarakimu moja linaweza kuwaangushia wenzake makombora.

Kwa hiyo jeshi likawageukia wale wale liliokuwa likiwakwepa: waliosoma shule za misheni, Wakikuyu, Waganda, Wachaga, Wajaluo na wengineo. Likafungua shule zake. Mwaka 1942 kikaanzishwa kikosi cha elimu cha jeshi la Afrika Mashariki, na wakufunzi wake wakafundishwa Jeanes School, Kabete, nje kidogo ya Nairobi. Walifundisha kusoma, kuandika, hesabu, jiografia ya vita, na Kiingereza kwa waliokihitaji kazini. Kwa maelfu ya vijana hilo ndilo lilikuwa darasa la kwanza maishani, na lilikuja wakiwa wamevaa sare.

Kiswahili ndicho kilichoshika yote haya pamoja. Batalioni za Nyasaland zilikuja na Kinyanja chao, na afisa kijana aliyetoka Uingereza alikuja bila kujua neno, lakini wote walilazimika kujifunza Kiswahili cha kambini, kilichoitwa Kikeya. Kilikuwa Kiswahili kilichokatwakatwa, ngeli zimetupwa, na mwalimu wa Zanzibar angekisikiliza kwa uchungu. Hata hivyo kilibeba amri za brigedi zenye watu kutoka Zomba hadi Arua. Huko Asia askari waliandikiwa gazeti lao la Kiswahili, Heshima, na barua za nyumbani nyingi zilipita katika lugha hiyo. Wakati mashule ya makoloni yalikuwa bado yanabishana kuhusu Kiswahili, na Uganda ndiyo iliyobisha zaidi, jeshi lilikuwa limeshamaliza mjadala kwa sababu halikuwa na njia nyingine.

Tarehe 12 Februari 1944

Brigedi za miguu zilianza kufika Ceylon katikati ya 1943 na kuungana na ile ya 21. Zikafundishwa vita vya msituni. Mizinga ilifuata nyuma. Mwanzoni mwa Februari 1944 msafara wa meli uliondoka Mombasa kuelekea Colombo, na mmojawapo wa meli hizo, Khedive Ismail, ilibeba watu 1,511. Kati yao, 996 walikuwa maafisa na askari wa Kikosi cha 301 cha mizinga ya uwanjani cha Afrika Mashariki. Walikuwemo pia mabaharia, na wauguzi wa kike wa jeshi.

Tarehe 12, karibu na visiwa vya Maldives, nyambizi ya Kijapani I-27 iliipiga meli hiyo kwa topido mbili. Ilizama kwa muda usiofika dakika mbili. Askari wengi walikuwa ndani, chini ya sitaha, na hapakuwa na muda wa kupanda ngazi. Halafu likaja jambo ambalo ni zito hata kulisimulia. Nyambizi ilijificha chini ya eneo lile lile walipokuwa wakielea manusura, na manowari za ulinzi, Petard na Paladin, zililazimika kudondosha mabomu ya kina kirefu majini ili isizamishe meli nyingine. Baadhi ya waliokuwa wameokoka topido waliuawa na mabomu hayo. Mwishowe nyambizi ikazamishwa. Watu 1,297 walikufa, na waliookolewa walikuwa 214: wanaume 208 na wanawake 6.

Tukio hili hutajwa kama mojawapo ya misiba mikubwa ya baharini ya vita vile, na ndivyo ilivyokuwa. Ndani ya kisa chetu lina uzito mwingine. Kombania ya askari wa miguu ikiangamia, unaweza kuijaza upya kwa miezi michache, kwa askari kutoka bohari ya mafunzo. Kikosi cha mizinga hakijazwi hivyo. Watu wale walikuwa matunda ya shule za kijeshi ambazo kabla ya vita hazikuwepo. Walikuwa wamechaguliwa kwa sababu walijua hesabu, wakafundishwa kwa muda mrefu kufanya kazi pamoja kama mzinga mmoja, betri moja ya mizinga, kikosi kimoja. Nchi ambazo ziliwasomesha watoto wachache hivyo zilipoteza kwa dakika mbili idadi ya mafundi waliochukua miaka kupatikana.

Wangewekwa kwenye meli kadhaa, hasara isingekuwa hiyo. Kuna sababu ya kusafirisha kikosi kizima kwenye meli moja: kinafika kikiwa kamili, na kinaingia kazini mara moja. Lakini kwa jeshi lenye akiba ndogo namna hii ya mafundi, nasema wazi kwamba sababu hiyo haikutosha.

Bonde la Kabaw

Machi hadi Julai 1944 Wajapani walijaribu kuingia India kupitia Imphal na Kohima, wakashindwa vibaya. Jenerali William Slim, kamanda wa Jeshi la 14, aliamua jambo ambalo makamanda wengi wasingelithubutu: kuendelea kuwafukuza bila kusubiri mvua za monsuni ziishe. Alikuwa na njia mbili za kuteremka kusini. Divisheni ya 5 ya India ilipewa barabara ya milimani ya Tiddim. Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki ilipewa bonde la Kabaw.

Bonde hilo lilikuwa na sifa mbaya tangu zamani. Mwaka 1942 wakimbizi waliokuwa wakiitoroka Burma walipita huko, na maelfu walifia njiani. Malaria ilikuwa kali, na pamoja nayo taifasi inayoenezwa na utitiri wa vichakani, ambayo wakati huo haikuwa na dawa. Mvua ya huko haina mapumziko. Njia kuu kutoka Tamu kwenda kusini ilikuwa ya udongo, na malori ya kwanza yakishapita, ya pili yalizama hadi ekseli.

Hapa ndipo ile sehemu ya divisheni isiyo ya miguu ilipopimwa. Kwa kuwa barabara ilikuwa imekufa, chakula na risasi vilikuja kwa ndege. Rubani wa Dakota, ndege ya mizigo, alipaswa kupata mahali palipofyekwa katikati ya msitu, chini ya mawingu yaliyoshuka hadi kwenye vilima. Aliyemwongoza ni mtu wa redio aliyekuwa chini. Mchele ulifungwa kwenye magunia mawili, moja ndani ya jingine, ukatupwa bila mwavuli. Gunia la ndani likipasuka, la nje linazuia mchele usitawanyike. Risasi na dawa zilishuka kwa miavuli, na kwa kuwa hariri ilikuwa adimu, Slim aliagiza miavuli ya juti kutoka viwanda vya Calcutta. Mzigo ukianguka mita mia mbili kutoka mahali palipopangwa, unaweza kuwa umempa adui chakula cha jioni. Kwa hiyo askari mmoja mwenye redio, ambaye miaka minne nyuma asingeruhusiwa hata kuandikishwa kwa sababu alitoka kwenye kabila lisilo la vita, alishika maisha ya batalioni nzima.

Wahandisi walifyeka viwanja vya ndege ndogo za kuchukua wagonjwa, na wakati mwingine kazi ya wiki nzima ilisombwa na mafuriko ya usiku mmoja. Kila askari alimeza kidonge cha mepakrini kila siku mbele ya mkubwa wake, na ngozi za Wazungu zikageuka manjano. Nidhamu ya kidonge hicho iliokoa watu wengi kuliko hospitali.

Mapigano yenyewe yalikuwa ya vikundi vidogo. Wajapani waliobaki walikuwa na njaa na wagonjwa, lakini walijichimbia kwenye vilima vinavyotazama njia, na walihitaji kung'olewa kilima kimoja baada ya kingine. Mwanzoni mwa Septemba sehemu ya divisheni ilikata kwenda mashariki na kuingia Sittaung, kwenye mto Chindwin. Wengine waliendelea kuteremka bonde. Mawlaik ikachukuliwa mwezi Novemba, na mwezi huo huo Waafrika Mashariki wakakutana na Wahindi wa Divisheni ya 5 kule Kalemyo. Kutoka hapo njia ilipita kwenye korongo jembamba la mto Myittha hadi Kalewa.

Divisheni ilivuka Chindwin na kushika ng'ambo. Nyuma yake wahandisi wa jeshi wakajenga daraja la Bailey, la vipande vya chuma vinavyounganishwa haraka, lenye urefu wa futi 1,154, ambao ni mita 350 na ushei, likakamilika tarehe 10 Desemba 1944. Lilikuwa daraja refu kuliko yote ya aina hiyo wakati ule. Divisheni nyingine zilipita juu yake kwenda kwenye tambarare za Burma ya kati, ambako magazeti ya dunia yalikuwa yakisubiri na ushindi uliandikwa kwa majina ya Mandalay na Meiktila. Wenye nembo ya faru walirudishwa India kupumzika. Kwa maoni yangu hesabu hiyo haikuwa ya haki. Mlango ulifunguliwa na wao, katika miezi ambayo hakuna aliyetamani kuwa pale.

Kuna mkia mmoja wa habari unaoonyesha thamani ya divisheni machoni pa adui. Brigedi ya 28 ya Afrika Mashariki, yenye batalioni za Uganda, Tanganyika na Somaliland, haikuwa sehemu ya Divisheni ya 11. Slim aliitanguliza mbele kwenye bonde la Gangaw mwanzoni mwa 1945 ili kuficha kwamba nyuma yake kuna jeshi kubwa linaloelekea Meiktila. Wajapani wakikutana na askari Waafrika wangedhani ni Divisheni ya 11 bado inaendelea na kazi yake, na wasingetafuta jambo jingine. Ujanja huo ulitegemea kitu kimoja: kwamba kufikia wakati huo Wajapani walikuwa wameshaifahamu divisheni hiyo vya kutosha kuiogopa na kuifuatilia.

Dari

Nimesema mapema kwamba batalioni ilipangiwa Wazungu 80 juu ya Waafrika 1,050. Sioni namna ya kuichambua divisheni hii bila kurudi hapo. Jeshi lilikubali kumfundisha Mwafrika kupiga mzinga, kuendesha redio, kushona jeraha na kujenga daraja. Halikukubali kumpa kamisheni, yaani cheo cha afisa kamili.

Mwaka 1942 Keya ilianzisha cheo kipya, afisa mteule kamanda wa platuni, yaani kikundi kidogo cha askari. Mwafrika mwenye cheo hicho aliongoza platuni, kazi ambayo kwa vikosi vya Kizungu ni ya luteni, lakini hakuwa afisa. Hakula na maafisa, na Mzungu aliyefika jana kutoka Uingereza, asiyejua lugha wala msitu, alikuwa juu yake. Sababu iliyotolewa ni kwamba hapakuwa na Waafrika waliosoma vya kutosha. Sababu hiyo haisimami. Kwenye uwanja ule ule wa vita, Divisheni ya 81 ya Afrika Magharibi ilikuwa na Seth Anthony wa Gold Coast, ambayo leo ni Ghana, aliyepewa kamisheni mwaka 1942 na kupigana Burma akiwa afisa kamili. Mfalme alikuwa yule yule na vita vile vile. Tofauti ilikuwa walowezi. Kenya haikuweza kumvumilia afisa Mwafrika mwaka 1943 kwa sababu ingemlazimu mlowezi mwenye cheo cha sajini kumpigia saluti.

Dari hilo lilikuwa na gharama ya kivita. Batalioni ilipopoteza maafisa wake msituni, na katika mapigano ya vikundi vidogo maafisa hufa haraka, hapakuwa na njia rasmi ya kumpandisha mtu aliyekuwa tayari anajua kazi. Ilibidi asubiriwe Mzungu mwingine kutoka mbali. Divisheni iliyokuwa na upungufu wa mafundi ilijinyima yenyewe viongozi ambao ilikuwa imeshawalea.

Kuvunjwa

Fowkes aliondoka mwanzoni mwa 1945, na muda mfupi baadaye divisheni ikawa chini ya W. A. Dimoline. Agosti mwaka huo Japani ilisalimu amri kabla divisheni haijarudi mstari wa mbele. Askari wakasubiri meli kwa miezi mingi, kwa sababu meli zilikuwa chache na wao hawakuwa wa kwanza kwenye foleni. Kisha divisheni ikavunjwa. Vikosi vya mizinga, wahandisi na mawasiliano, vile vile vilivyochukua miaka kujengwa, ndivyo vilivyopunguzwa zaidi. Keya ikarudi kuwa jeshi la batalioni za miguu, kila moja kwenye nchi yake.

Mafundi wakarudi uraiani. Kenya walikuta kipande, cheti ambacho Mwafrika alilazimika kukibeba, kingali shingoni, na mpango wa kuwagawia wanajeshi wastaafu wa Kizungu mashamba ya nyanda za juu. Hapakuwa na mpango wa namna hiyo kwa mtu aliyeendesha redio ya batalioni Kabaw. Serikali iliwashauri warudi vijijini na kuwekeza akiba yao.

Itote alirudi Nyeri akiwa koplo. Kufikia 1953 alikuwa akiongoza wapiganaji wa Mau Mau kwenye msitu wa Mlima Kenya, akiwapanga kwa utaratibu wa vikosi na ulinzi ambao mtu yeyote wa Keya angeutambua. Kati ya batalioni zilizopelekwa Kenya kuwasaka Mau Mau ilikuwemo ya 26 ya Tanganyika, iliyokuwa naye katika divisheni moja kule Burma. Alikamatwa Januari 1954, akiwa na jeraha la risasi.